Habari za Maisha ya Fritz Wunderlich, Mwimbaji wa Ujerumani

Kila penye sikukuu pana nyimbo, na kila penye nyimbo pana watu waliotaabika ili nyimbo hizo zipendeze. Msikilizaji husikia utamu tu. Taabu haioni, kama vile alaye mkate asivyomwona mwokaji aliyeamka usiku kuukanda unga. Kwa hiyo tumeona vema kuweka katika kitabu hiki cha Yubile habari za mtu mmoja, jina lake Fritz Wunderlich, ambaye katika ujana wake alifanya kazi kwa mwokaji wa mikate, kisha akawa mwimbaji aliyesifiwa katika miji mikubwa ya Ulaya. Aliishi miaka 35 tu, na kazi yake ya uimbaji katika majumba makubwa ilidumu miaka 11. Walakini sauti yake bado husikiwa hata leo kwa njia ya santuri, na watu waliozaliwa baada ya kufa kwake humjua kama jirani yao.

Tunawaandikia hasa walimu na waimbaji wa kwaya, maana wao wanajua sauti nne za wimbo, na jinsi ilivyo vigumu kupata tenori mmoja mwema. Tenori ni sauti ya juu ya wanaume. Wengi hujaribu kuifikia kwa kupiga kelele, shingo zikavimba na mishipa ikasimama. Wunderlich alikuwa na sauti hiyo, naye aliitoa bila kujikaza, kama mtu anayesema na rafiki yake. Basi na tuone aliipataje.

Kuzaliwa kwake na taabu za utoto

Fritz Wunderlich alizaliwa tarehe 26 Septemba, 1930, katika mji mdogo uitwao Kusel, katika nchi ya Pfalz, upande wa magharibi wa Ujerumani. Ni nchi ya vilima, na zamani watu wake hawakuweza wote kuishi kwa kulima. Kwa hiyo katika karne ya 19 wanaume wengi wa vijiji vile walizoea kuchukua tarumbeta zao na fidla zao, wakaenda nchi za mbali, hata ng'ambo ya bahari, wakipiga muziki ili kupata riziki, kisha wakarudi kwao na akiba. Mtoto huyu, basi, alizaliwa mahali ambapo muziki ulihesabiwa kuwa kazi kama useremala na uashi, wala si mchezo wa watu wenye nafasi.

Baba yake alikuwa kiongozi wa wapiga muziki, na mama yake alikuwa hodari wa kupiga fidla. Lakini nyumba yao haikukaa katika raha. Baba alikuwa amejeruhiwa vibaya katika Vita Kuu ya miaka 1914 hata 1918, na maumivu ya jeraha lile hayakumwacha. Tena wafuasi wa chama cha Nazi katika mji ule walimsonga, hata akapoteza kazi yake. Mwaka 1935 alikata tamaa kabisa, akajiua. Fritz alikuwa na umri wa miaka mitano.

Habari hii ni nzito, wala hatuiandiki ili kumhukumu marehemu. Tunaiandika kwa sababu walimu wengi wana watoto wa namna hii darasani mwao, watoto waliobeba msiba usioweza kusemwa, nao hukaa kimya nyuma ya wenzao. Hakuna aliyeweza kujua siku ile ya mazishi kwamba mtoto huyu mdogo angekuja kufurahisha maelfu ya watu.

Mama alibaki mjane na watoto wawili, Fritz na dada yake aliyemtangulia kuzaliwa. Hakuwa na mali, ila alikuwa na ujuzi wake, akaufanya kuwa jembe lake. Aliwafundisha watu muziki, akapata chakula cha wanawe. Fritz naye alijifunza kwake, na mapema sana aliweza kupiga kodiani na ala nyingine. Mwaka 1939 vita ilianza tena, na ilipokwisha mwaka 1945 alikuwa kijana wa miaka 14, katika nchi iliyoshindwa, ambamo miji mingi ilikuwa magofu na chakula kilikuwa haba. Ndipo alipofanya kazi kwa mwokaji mikate, na jioni alipiga muziki katika ngoma za vijijini, pengine pamoja na mama yake.

Labda wako wasomaji watakaoona si vizuri kwamba kijana alipiga muziki wa kuchezea dansi. Sisi hatumlaumu. Muziki ule uliwalisha watu wa nyumba yake. Tena ulimfundisha mambo mawili ambayo wanafunzi wengi wa vyuo hawayapati: kushika mwendo wa wimbo pasipo kuyumba, na kuwatazama watu usoni akijua kama wimbo umewafikia au haukuwafikia.

Jinsi alivyojifunza

Watu wa Kusel walisikia sauti yake, wakaona kwamba haikuwa sauti ya kawaida. Wakamsihi asiiache bure, bali atafute mwalimu. Akaanza kufundishwa katika mji wa Kaiserslautern, na mwaka 1950 akaingia chuo cha muziki katika mji wa Freiburg, akakaa huko hata mwaka 1955. Fedha ya kuishi aliipata kama alivyozoea: usiku alipiga muziki na kuimba pamoja na makundi ya wapiga dansi, na asubuhi alirudi darasani.

Wengi hawajui kwamba hakwenda Freiburg kujifunza kuimba tu. Alijifunza pia kupiga pembe ya shaba. Ala hiyo ni bomba lililoviringishwa, ambalo kama likinyoshwa lazidi urefu wa mita tatu na nusu. Mpigaji hana budi kulijaza pumzi, tena kwa kiasi: pumzi ikizidi, sauti huvunjika, ikipungua, sauti hukosa nguvu. Anayeimudu ala hii amejifunza kuitawala pumzi yake, na kuitawala pumzi ni nusu ya kazi ya mwimbaji. Baadaye watu walipostaajabu jinsi Wunderlich alivyoweza kuimba sentensi ndefu bila kukata pumzi katikati ya neno, sababu moja ilikuwa hiyo pembe.

Mwalimu wake wa sauti katika Freiburg alikuwa mwanamke, jina lake Margarethe von Winterfeldt. Mwanafunzi alikuja na sauti iliyo kama mto wakati wa masika. Mwalimu akamfundisha kuipitisha katika mfereji. Mwaka 1954 wanafunzi wa chuo walicheza opera ya Mozart iitwayo Die Zauberflöte, yaani Filimbi ya Uchawi, na Wunderlich akapewa kuwa Tamino.

Hapa yatupasa kueleza kidogo. Opera ni hadithi inayochezwa jukwaani na watu waliovaa mavazi ya hadithi hiyo, nao huimba maneno yao, na kundi kubwa la wapiga ala hufuatana nao. Opera hii ya Mozart ilichezwa mara ya kwanza katika mji wa Vienna mwaka 1791. Tamino ni mwana wa mfalme. Anaonyeshwa picha ya binti mmoja, anampenda, anaondoka kwenda kumtafuta, na katika safari hiyo anajaribiwa kwa kunyamaza kimya, kwa moto na kwa maji, akiwa na filimbi yake tu ya kumlinda. Kazi ya Tamino yataka sauti changa iliyo safi, isiyo na majivuno. Ilimfaa Wunderlich kama nguo iliyokatwa kwa kipimo chake.

Kuinuka kwake

Mwaka 1955 jumba la opera la mji wa Stuttgart lilimwandika kazi. Asidhani mtu kwamba alipewa mara moja nafasi za mbele. Alianza na kazi ndogo, maneno machache kati ya waimbaji wengi, akisimama nyuma ya wakubwa wake na kuwatazama. Hata mwaka 1956 ikawa siku moja tenori mkubwa wa jumba lile, Josef Traxel, hakuweza kuimba kazi ya Tamino, na Wunderlich akatakiwa kushika mahali pake. Kazi ile alikuwa amekwisha kuijua tangu chuoni. Aliimba, na tangu jioni ile watu wa Stuttgart walimjua jina.

Twaomba vijana waliangalie jambo hili. Nafasi ilimjia ghafula, lakini kujiweka tayari hakukuwa kwa ghafula. Kama angalingoja kuitwa ndipo ajifunze, angaliitwa mwingine.

Mwaka huohuo alimwoa Eva Jungnitsch, aliyekuwa mpiga kinubi katika jumba lilelile, wakapata watoto watatu. Mwaka 1958 alihamia Frankfurt, na mwaka 1960 Munich, mji ulioendelea kuwa makao yake. Mwaka 1959 aliimba mara ya kwanza katika sikukuu ya muziki ya Salzburg, chini ya kiongozi Karl Böhm, katika opera ya Richard Strauss iitwayo Die schweigsame Frau. Hata jumba kuu la opera la Vienna lilimchukua, akawa akiimba huku na huku, leo Munich, kesho Vienna.

Siku zile majumba ya Ujerumani yalikuwa na desturi ya kuimba opera za nchi nyingine kwa Kijerumani. Verdi wa Italia na Tchaikovsky wa Urusi, wote waliimbwa kwa lugha ya wenyeji. Baadaye desturi hii iliachwa, na watu wengine huisikia leo wakaiona ni kasoro. Lakini mwenye kusikiliza santuri za Wunderlich ataona faida yake. Aliimba kwa watu walioelewa kila neno, kwa hiyo hakuweza kujificha nyuma ya utamu wa sauti. Kila silabi ilitoka wazi. Sisi tunaoimba kwa Kiswahili nyimbo zilizotoka nchi nyingi tunajua neno hili lina maana gani: wimbo usiosikika maneno yake ni kama barua nzuri iliyolowa maji.

Nyimbo za kanisani

Pamoja na opera, Wunderlich aliimba sana nyimbo kubwa za kanisani. Mwaka 1961 aliimba katika santuri ya Mateso ya Bwana kama alivyoandika Yohana, kazi ya Johann Sebastian Bach. Bach alikuwa Mlutheri. Kwaya iliyoimba mara hii ilikuwa kwaya ya kanisa kuu la Wakatoliki la Mtakatifu Hedwig, Berlin, na kiongozi wake Karl Forster. Wunderlich alikuwa Mwinjilisti, yaani ndiye aliyesimulia habari kwa maneno ya Injili.

Kazi hii ni ngumu kuliko inavyodhaniwa. Mwinjilisti hana kundi kubwa la ala la kumtegemeza; ana ala chache tu chini yake. Haigizi, wala hachezi. Yeye ni shahidi. Akizidisha huzuni, anajionyesha nafsi yake; akiipunguza, habari inakufa. Hata anapofika mahali Petro alipomkana Bwana na jogoo akawika, hapo Bach amefanya jambo la ajabu. Yohana hasemi kwamba Petro alilia. Bach ameyatwaa maneno hayo katika Injili ya Mathayo, akayaweka hapo, na neno la kulia akalipa sauti nyingi zinazopanda na kushuka kwa maumivu, hata msikilizaji aone kana kwamba msimuliaji mwenyewe ameshindwa kuendelea. Wunderlich anaimba mahali hapo bila kupiga kelele. Sauti inainama tu, kama mtu afunikaye uso. Kila mwalimu wa kwaya aliye na nafasi ya kuisikia santuri hiyo asiikose.

Baada ya hapo aliimba peke yake nyimbo za tenori katika Mateso kama alivyoandika Mathayo, chini ya Karl Münchinger, mwaka 1964. Na katika Oratorio ya Noeli, chini ya Karl Richter wa Munich, mwaka 1965. Mwanzoni mwa mwaka 1966 aliimba katika santuri ya Misa kuu ya Beethoven, chini ya Herbert von Karajan. Katika mwaka 1964 pia iliandikwa santuri ya Die Zauberflöte katika Berlin, Karl Böhm akiongoza, naye Wunderlich akiwa Tamino kama siku zile za chuo. Tangu hapo wengi wakitaka kujua Tamino anavyopaswa kuimbwa, husikiliza santuri hiyo.

Jinsi alivyokubali kufundishwa tena

Sasa twafika kwenye jambo ambalo, kwa maoni yetu, ndilo kubwa katika maisha yake. Wajerumani wana nyimbo za namna nyingine, ambazo mtu mmoja huimba mashairi na mwenzake humfuata kwa piano. Hakuna mavazi, hakuna jukwaa lililopambwa. Wako watu wawili tu. Schubert na Schumann ndio mabwana wa nyimbo hizo. Wunderlich alipoanza kuziimba mbele ya watu, sifa zake zilikuwa zimekwisha kuenea. Walakini waandishi wa magazeti wazoeao kupima waimbaji hawakuridhika. Waliona sauti ni nzuri, lakini shairi halijamwingia moyoni.

Mtu mwenye sifa nyingi akiambiwa neno kama hilo, njia mbili zipo mbele yake. Aweza kukasirika, akasema kwamba wapimaji hao wana wivu. Au aweza kuketi akajifunza. Wunderlich aliketi. Alikwenda kwa mpiga piano Hubert Giesen, mtu aliyezaliwa mwaka 1898, mzee wake kwa miaka 32, ambaye zamani aliwahi kumpigia piano Yehudi Menuhin, mpiga fidla mashuhuri. Kwa mzee huyu alirudi kuwa mwanafunzi. Walipitia mashairi mstari kwa mstari, wakitafuta kwa nini neno hili liko juu na lile liko chini, mahali gani sauti iwe nyepesi na mahali gani inyamaze. Wahenga wamesema mtaka cha mvunguni sharti ainame. Naye aliinama akiwa tayari mtu mkubwa, jambo ambalo ni gumu kuliko kuinama ukiwa mdogo.

Matunda yake yalionekana. Alifanya na Giesen santuri ya nyimbo za Schumann ziitwazo Dichterliebe, na mwezi wa Julai 1966 wakafanya nyimbo za Schubert ziitwazo Die schöne Müllerin. Anayesikiliza Dichterliebe haoni tena mwimbaji wa opera aliyeingia nyumba isiyo yake. Anamsikia mtu aliye kwake.

Wala hakuacha nyimbo nyepesi za watu wote. Aliziimba kwa bidii ileile aliyoitia katika Bach, maana hakusahau kwamba nyimbo kama hizo zilimlisha yeye na mama yake. Rafiki zake, kama mwimbaji Hermann Prey, walimjua kuwa mtu mcheshi, apendaye mizaha, na aliyependa kwenda kuwinda alipopata mapumziko.

Kufa kwake

Tarehe 4 Septemba, 1966, Wunderlich na Giesen waliimba na kupiga katika sikukuu ya muziki ya Edinburgh, Scotland: nyimbo za Beethoven, Schubert na Schumann. Sauti za jioni ile zilihifadhiwa, nazo zasikika mpaka leo. Mbele yake ilikuwako safari kubwa. Mwezi wa Oktoba alikuwa aimbe mara ya kwanza katika jumba la Metropolitan la New York, Marekani, katika opera ya Mozart iitwayo Don Giovanni. Kwa tenori wa siku zile hapakuwa na mlango mkubwa kuliko huo.

Alitwaa siku chache za mapumziko, akaenda kuwinda pamoja na rafiki zake katika nyumba moja karibu na Maulbronn, kusini mwa Ujerumani. Nyumbani humo mlikuwa na ngazi za mawe, na kando yake kamba ya kushikilia. Alipokuwa ngazini, aliteleza akashika kamba. Kamba ikang'oka, naye akaanguka chini, kichwa kikavunjika. Walimpeleka hospitali ya Heidelberg, lakini hakupona. Alikufa tarehe 17 Septemba, 1966. Zilibaki siku tisa tu atimize miaka 36. Alizikwa Munich.

Hakufa vitani, wala kwa ugonjwa mkubwa. Kamba moja haikufungwa imara, basi. Hata leo wengi wamsikiapo huuliza angekuwa mwimbaji wa namna gani kama angaliishi miaka 30 mingine. Hakuna awezaye kujibu.

Iko alama moja ya jambo hili inayotugusa zaidi kuliko zote. Mwaka 1966 Karajan alikuwa ameanza kufanya santuri ya Uumbaji, kazi kubwa ya Haydn. Wunderlich alikuwa amekwisha kuimba nyimbo zake kubwa, lakini sehemu za kusimulia zilikuwa bado. Alipokufa, kazi ile haikutupwa. Aliletwa mwimbaji mwingine, Werner Krenn, akaimba zile zilizosalia. Basi katika santuri hiyo kazi moja ya tenori imebebwa na watu wawili. Mmoja anasimulia alipoishia mwenzake, na msikilizaji huzisikia sauti hizo mbili zikipokezana.

Neno la mwisho

Mji wa Kusel haukumsahau mwanawe. Liko jumba la mikutano lenye jina lake, na katika makumbusho ya mji vimewekwa vitu vyake, ili watoto wa huko wajue kwamba alitoka katika njia zilezile wanazozipita.

Nasi tukifikiri maisha yake tunaona kwamba sauti alipewa bure, lakini hakuna kitu kingine alichopata bure. Pumzi aliipata kwa pembe ya shaba, mwendo wa wimbo kwa dansi za vijijini, nafasi kwa kuwa tayari, na akili ya mashairi kwa kukubali kukosolewa. Tena hakufika peke yake. Yuko mjane aliyewafundisha watu fidla ili mwanawe ale. Wako majirani waliosikia kijana wa mwokaji mikate akiimba, wasinyamaze. Yuko mwalimu wa Freiburg, na mzee wa piano.

Kwa hiyo, ninyi mliokabidhiwa kwaya na madarasa, mkimsikia mtoto mwenye sauti njema nyuma ya chumba, hata akiwa yatima, hata nguo zake zikiwa na unga wa kazi, msiseme kwamba atajitokeza mwenyewe siku moja. Mwiteni mbele leo. Miaka aliyopewa hatuijui hesabu yake.